Barua ya Tabia Njema: Mkono wa Mtendaji Unaishia Wapi? (Sehemu ya Tatu)

Wiki iliyopita tulieleza usajili wa makandarasi na kazi ya Bodi yao. Leo tuigeukie karatasi ndogo ambayo vitabu vya sheria haviishughulikii sana, ingawa mafundi inawakosesha usingizi.

Fundi wa Kanyenye, hapa Manispaa ya Tabora, anayetafuta kazi ya kukarabati madarasa huenda akaambiwa alete barua ya serikali ya mtaa. Maneno yake twayajua: mtajwa hapo juu ni mkazi wa mtaa huu, namfahamu, sina pingamizi naye. Sahihi, mhuri, basi. Ila mtendaji wa mtaa akinuna, barua haitoki. Mara mwombaji hajalipa mchango wa ulinzi, mara alimbishia mwenyekiti mkutanoni, mara "njoo kesho". Hakuna kilichoandikwa, kwa hiyo hakuna cha kukatia rufaa.

Kumfungia mzabuni asishiriki zabuni za umma ni kazi ya Mamlaka ya Udhibiti wa Ununuzi wa Umma (PPRA), na sheria inataka mhusika apewe kwanza nafasi ya kujitetea. Barua inayokaliwa kimya humfungia mtu yuleyule kwa mlango wa uani, tena bila kumsikiliza. Mahakama ya Juu ya India iliamua shauri la namna hii mwaka 1974, kati ya Erusian Equipment na Jimbo la West Bengal: serikali hailazimiki kumpa fulani kazi, lakini haiwezi kumtia katika orodha ya waliofungiwa kabla hajasikilizwa, maana doa hilo linagusa jina lake na riziki yake.

Kwetu msingi uko katika Ibara ya 13(6)(a) ya Katiba. Katika shauri la Mbeya-Rukwa Autoparts, Mahakama ya Rufani ilisema haki ya kusikilizwa ni haki ya kikatiba. Kabla ya hapo, katika shauri la James Gwagilo, lililohusu uamuzi wa Rais, Mahakama Kuu ilikataa hoja kwamba kutaja "manufaa ya umma" kunatosha bila kueleza sababu yenyewe. Ikiwa uamuzi wa Ikulu ulidaiwa sababu, wa ofisi ya mtaa utaachwaje?

Wenyeji wa njia ya misafara wanakijua kibali kinachofuata hulka ya mtoaji. Karne ya 19, msafara kutoka Bagamoyo ulipofika Ugogo ulikaa siku kadhaa ukijadiliana na mtemi hongo, yaani ushuru wa kupita, kiwango kikipanda na kushuka kwa atakavyo.

Simnyimi mtendaji hiari yake. Aseme anachokijua: ukaazi, na mwenendo wenye ushahidi. Ubora wa zege ni wa mhandisi. Rekodi ya jinai ni ya polisi. Na asimsifu shemeji yake asiyestahili, kwani kifungu cha 31 cha Sheria ya Kuzuia na Kupambana na Rushwa ya 2007 kinaadhibu matumizi mabaya ya madaraka, na upendeleo unaweza kumfikisha huko.

Ukinyimwa barua, omba sababu kwa maandishi na utunze nakala iliyopokelewa kwa mhuri. Muda wa kuomba ruhusa ya Mahakama Kuu ili iupitie uamuzi ni miezi sita, na masjala yake ipo hapahapa Tabora.

Itaendelea.