Lehemu na Ndugu Zake

Ingia duka lolote la Dar es Salaam au Mombasa, chukua chupa ya mafuta ya alizeti, usome lebo yake. Mara nyingi utakuta imeandikwa kwamba mafuta hayo hayana kolesteroli, pengine na picha ya moyo mwekundu pembeni. Ni kweli kabisa. Lakini ni kweli vilevile kwa mafuta ya karanga, ya ufuta, ya mawese na ya nazi. Mimea ina kolesteroli kwa kiasi kidogo mno, kisichofaa kuhesabiwa jikoni. Kwa hiyo maneno hayo hayamsaidii mnunuzi kuchagua kati ya chupa moja na nyingine, na baya zaidi, yanamfundisha kuogopa kitu asichokijua.

Kolesteroli ni mtoto mmoja wa ukoo mkubwa uitwao steroli. Ukoo huo umo ndani ya karibu kila kiumbe unachokiona kwa macho: ng'ombe, mwembe, uyoga, kaa wa mikokoni, wewe na mimi. Wote wanafanana sura kiasi kwamba mtu angeweza kuwachanganya. Hata hivyo, tofauti ndogo zilizopo kati yao ndizo zinazoamua dawa gani itamponya mgonjwa na ipi itamdhuru.

Tuanze na sura yenyewe. Fikiria sega la nyuki. Kata vyumba vitatu vya pembe sita vilivyoshikana, kisha ubandike mwishoni chumba cha nne chenye pembe tano. Kila pembe ni atomi ya kaboni, na kwa kuwa vyumba vinachangia kuta, pembe zote ni 17. Hizo ndizo pete nne za steroli. Kwenye kaboni ya tatu kimekaa kichwa kidogo cha oksijeni na haidrojeni, kinachopenda maji. Kwenye kaboni ya 17 unaning'inia mkia unaoyakimbia maji. Kolesteroli yetu ina kaboni 27, haidrojeni 46 na oksijeni moja tu. Sitosteroli ya mimea ina kaboni 29, kwa sababu mkia wake umeongezewa mbili. Ergosteroli, ambayo ni steroli ya kuvu na hamira, ina 28: kaboni moja zaidi mkiani, pamoja na vifungo maradufu viwili ambavyo kolesteroli haina.

Binadamu aliikuta kolesteroli kwanza mahali pa maumivu, ndani ya vijiwe vya nyongo. Mwanakemia Mfaransa Michel Eugène Chevreul ndiye aliyeipa jina mwanzoni mwa karne ya 19, kutokana na maneno ya Kigiriki yenye maana ya nyongo na kitu kigumu. Kuichora sura yake kulichukua zaidi ya miaka mia moja. Wajerumani Heinrich Wieland na Adolf Windaus walipewa Tuzo za Nobel za mwaka 1927 na 1928 kwa kazi hiyo, na bado mchoro wao ulikuwa na kosa. Mwaka 1932 vipimo vya miale ya eksi alivyofanya J. D. Bernal huko Uingereza vilionyesha kwamba molekuli hii ni nyembamba na bapa kuliko walivyodhani, ndipo pete zikapangwa upya.

Magazeti yetu huiita kolesteroli lehemu. Asili ya neno hilo ni karakana ya fundi: lehemu ni madini yanayoyeyushwa ili kuunganisha vipande vya chuma au kuziba birika linalovuja. Nadhani aliyelichagua alifikiria kitu kinachoganda na kuziba mishipa ya damu. Mimi nalipenda kwa sababu nyingine, maana kazi ya kwanza ya kolesteroli mwilini kwa hakika ni kazi ya fundi.

Kila seli imefunikwa na utando mwembamba wa mafuta wenye tabaka mbili. Mafuta, kama ajuavyo kila mpishi, hulegea penye joto na hukakamaa penye baridi. Itazame samli asubuhi ya Julai huko Njombe. Utando uliolegea mno huvuja, na uliokakamaa mno hupasuka. Kolesteroli hujipenyeza katikati, kichwa chake kikielekea kwenye maji, pete zake ngumu zikilala kando ya mikia ya mafuta. Joto likizidi, pete huishikilia mikia isitapetape. Baridi ikizidi, pete hizohizo huizuia mikia isibanane na kuganda. Na muda wote huo zinaziba nafasi ambamo chumvi na vitu vidogo vingepenya ovyo. Katika utando wa nje wa seli zetu, karibu theluthi moja ya molekuli za mafuta, na wakati mwingine zaidi, ni kolesteroli. Ubongo, wenye takriban asilimia 2 tu ya uzito wa mwili, umebeba takriban robo ya kolesteroli yote tuliyonayo, na huitengeneza wenyewe kwa kuwa haupokei ile ya damu.

Kolesteroli hutengenezwaje? Hapa wavuvi wetu wa pwani wana sehemu yao. Kwa vizazi vingi wamekuwa wakipaka vyombo vyao sifa, yale mafuta ya ini la papa yenye harufu isiyosahaulika, ili mbao zisipasuke kwa jua. Katika mafuta ya ini la papa kuna kitu kiitwacho skwaleni, uzi mrefu wa kaboni 30. Skwaleni hiyohiyo imo katika kila seli ya binadamu inayotengeneza kolesteroli. Seli huunganisha vipande vya kaboni mbilimbili hadi kuupata uzi huo, inautia oksijeni, kisha kimeng'enya kimoja kinaukunja, na pete zote nne zinajifunga kwa mkupuo mmoja. Sijaona tendo la kikemia linalonifurahisha kuliko hilo. Baada ya hapo yanafuata marekebisho mengi ya kupunguza kaboni tatu. Kazi nzima, tangu uzi hadi kolesteroli kamili, hula molekuli 11 za oksijeni, na kwa hiyo viumbe wa mahali pasipo na hewa hiyo hawawezi kuimaliza. Konrad Bloch alipata Tuzo ya Nobel ya mwaka 1964, pamoja na Feodor Lynen, kwa kuifuatilia njia hii hatua kwa hatua.

Kolesteroli ikishapatikana, mwili huigeuza kuwa vitu vingi. Ini huitumia kutengeneza asidi za nyongo zinazoyeyusha mafuta ya chakula. Tezi huifupisha mkia ipatikane kortisoli, projesteroni, testosteroni na estrojeni. Ubalehe, mimba na ustahimilivu wa maradhi vyote vinapitia hapo. Katika ngozi, steroli inayokaribia kuwa kolesteroli hupigwa na miale ya jua, pete yake moja ikafunguka, na huo ndio mwanzo wa vitamini D. Uyoga nao hufanya vivyo hivyo kwa ergosteroli yake. Unaoanikwa juani una vitamini D zaidi ya uliokaushwa kivulini.

Wadudu wamenyimwa ufundi huu. Nzige hawezi kutengeneza pete nne hata akila shamba zima. Lazima azipate ndani ya majani, aukate mkia wa sitosteroli kaboni mbili, apate kolesteroli, kisha aitumie kutengeneza homoni ya kujivua gamba. Bila steroli ya mmea, nzige mchanga hakui. Bakteria wengi hawana steroli kabisa, lakini mikoplasma, jamii inayoleta homa ya mapafu ya ng'ombe ambayo wafugaji wetu wanaijua kwa hasara zake, huiba kolesteroli ya mnyama waliyemvamia. Wamepoteza ukuta mgumu walionao bakteria wengine, na steroli ya wizi huuimarisha utando wao. Penisilini huua kwa kubomoa ukuta, kwa hiyo kwao haifai kitu.

Tofauti kati ya kolesteroli na ergosteroli ndiyo inayonigusa zaidi. Kuna kuvu aitwaye kriptokokasi, ambaye huvutwa pamoja na vumbi na mara nyingi hana madhara kwa mtu mwenye kinga imara. Kwa mtu ambaye VVU imedhoofisha kinga yake, hupanda hadi kwenye utando wa ubongo. Kichwa humuuma kwa wiki kadhaa, macho huanza kuona mawilimawili, na asipotibiwa hufa. Kumwua kuvu ndani ya mtu ni kazi ngumu, kwa kuwa seli zake zinafanana na zetu kuliko za bakteria. Pa kumpiga ni pachache, na ergosteroli ni mojawapo.

Amfoterisini B, dawa iliyotokana na bakteria wa udongo wa kando ya mto Orinoco huko Venezuela, hushikamana na ergosteroli, ikaichomoa na kuutoboa utando wa kuvu hadi seli inavuja. Flukonazoli hufanya kwa njia nyingine: inazuia kimeng'enya kimoja katika safari ya kutengeneza ergosteroli. Lakini kumbuka jinsi ndugu hawa wanavyofanana. Amfoterisini hushika pia kolesteroli yetu, japo kwa nguvu ndogo, na figo za mgonjwa huumia. Wataalamu wakaamua kuifunga dawa hiyo ndani ya vifuko vidogo mno vya mafuta, na mojawapo ya vitu vinavyoviimarisha vifuko hivyo ni kolesteroli yenyewe. Mwaka 2022 yalitangazwa matokeo ya utafiti uliofanyika Uganda, Malawi, Zimbabwe, Botswana na Afrika Kusini: dozi moja kubwa ya dawa iliyofungwa hivyo, ikiambatana na vidonge vya flusitosini na flukonazoli kwa wiki mbili, haikuzidiwa na matibabu ya dripu ya kila siku kwa wiki nzima, na madhara yake yalikuwa machache. Shirika la Afya Duniani likabadilisha mwongozo wake mwaka huohuo. Dawa hizi zinapaswa kuwepo katika kila hospitali ya rufaa ya eneo letu, na bei isiwe sababu ya kuzikosa.

Mkonge nao umo katika hadithi hii ya dawa. Mwaka 1949 dunia ilisikia kwamba kortisoni inawainua kitandani wagonjwa wa baridi yabisi, na dawa hiyo ilikuwa ikitengenezwa kwa shida kutoka kwenye nyongo ya ng'ombe. Kumbe katika majimaji ya jani la mkonge, yale yanayotupwa baada ya kukwangua nyuzi, kuna hekojenini, yenye pete nne zilezile. Viwanda vya Uingereza vikaitumia ile ya Afrika Mashariki kutengenezea dawa za jamii ya kortisoni. Tulihesabu nyuzi tu, na sehemu kubwa ya jani tukaiita taka.

Nirudi kwenye moyo, maana hofu ya watu ina msingi. Kolesteroli haiyeyuki katika damu, kwa hiyo husafirishwa ndani ya chembe za mafuta na protini. Aina moja ya chembe hizo, iitwayo LDL, ikizidi kwa miaka mingi, hujipenyeza katika kuta za mishipa, na huko ndiko kunakoanzia mshtuko wa moyo na kiharusi. Michael Brown na Joseph Goldstein wa Marekani, washindi wa Nobel mwaka 1985, walionyesha kwamba seli, hasa za ini, zina vipokezi vya kuzinasa chembe hizo. Mtoto aliyerithi upungufu mkubwa wa vipokezi anaweza kupata mshtuko wa moyo kabla ya kutimiza miaka 20, hata akila mboga tupu.

Kwa wengi wetu, kinachovipunguzia vipokezi hivyo nguvu ni mafuta yaliyoshiba, yale yanayoganda kwa urahisi, zaidi ya kolesteroli ya yai au kamba. Mwili hutengeneza sehemu kubwa ya kolesteroli yake wenyewe. Sitosteroli ya mboga na karanga nayo inasaidia: utumbo huitambua kwa zile kaboni mbili za ziada, huirudisha nje karibu yote, na wakati huohuo inaizuia kolesteroli isipate nafasi ya kuingia.

Kwa hiyo ukirudi dukani, igeuze chupa na usome jedwali la nyuma, mahali palipoandikwa kiasi cha mafuta yaliyoshiba. Katika mafuta ya nazi ni zaidi ya asilimia 80, katika mawese ni karibu nusu, katika alizeti ni takriban asilimia 11. Kolesteroli ya kuhesabika haimo katika chupa yoyote kati ya hizo tatu.