Haki za Kibarua wa Serikali, Sehemu ya 3: Daftari la Bibi wa Gazi

Bibi alikuja barazani kwangu hapa Gazi baada ya sala ya alasiri, mkono wa kulia ameukunja kifuani, wa kushoto umeshika daftari la shule. Tulipomaliza kuamkiana, akalifungua. Kila siku aliyokwenda kazini ameitia alama kwa kalamu ya risasi. Miezi 11 alifagia na kupiga deki katika ofisi moja ya umma, akilipwa mwisho wa mwezi kupitia kwa msimamizi. Siku moja sakafu yenye maji ikamwangusha, kifundo cha mkono kikavunjika. Mfupa uliunga vibaya, na vidole viwili sasa havikunjiki. Aliporudi akaambiwa hakuna kazi ya mtu wa mkono mmoja.

“Lakini mwanangu,” akasema, “mimi si ni kibarua tu?”

Neno hilo limewanyamazisha wengi, kuanzia hapa hadi Vanga, na ndilo la kuanza nalo. Sheria ya Ajira ya Kenya ya mwaka 2007 inamtambua kibarua kuwa ni mtu anayelipwa kila siku ikiisha, na ambaye haajiriwi kwa zaidi ya saa 24 kwa mara moja. Bibi alipokea mshahara wa mwezi. Kwa kipimo hicho hakuwa kibarua hata siku ya kwanza, msimamizi amwite atakavyo.

Tuseme basi alilipwa kila jioni. Kifungu cha 37 kinasema kibarua akifanya kazi siku mfululizo ambazo jumla yake inafikia mwezi mmoja, au akipewa kazi isiyotarajiwa kumalizika ndani ya miezi 3, ajira yake hugeuka kuwa ya mwezi. Na sakafu ya ofisi inamalizika kufagiwa lini? Akishatimiza miezi 2 anastahili haki zote za sheria hiyo: likizo ya ugonjwa yenye malipo, notisi ya siku 28, na kusikilizwa kabla ya kuachishwa kwa sababu ya afya au utendaji wake. Serikali nayo ni mwajiri chini ya sheria hii. Nisimdanganye msomaji, hata hivyo: kugeuka huko hakumfanyi mtu kuwa mtumishi wa kudumu mwenye pensheni.

Tahadhari moja kwa wanaojaza miche ya mikoko kwenye mifuko na kulipwa kwa idadi. Mwaka 2017 Mahakama ya Rufaa, katika kesi ya wafanyakazi wa chumvi wa kampuni ya Krystalline, ilitenganisha kibarua na anayelipwa kwa kipande cha kazi, na ikaona kifungu cha 37 kinamhusu wa kwanza. Kwa hiyo, kabla ya kuhesabu siku, uliza unalipwa kwa kipimo gani.

Sasa mkono. Ibara ya 27 ya Katiba inakataza kumbagua mtu kwa ulemavu wake, na Sheria ya Ajira inasema ulemavu si sababu halali ya kumwachisha mtu kazi. Wengi hudhani ulinzi huu ni wa aliyezaliwa na ulemavu au mwenye kadi ya Baraza la Taifa la Watu Wenye Ulemavu. Sivyo. Mkono uliolemaa juzi ni ulemavu vilevile. Mwajiri alipaswa kwanza kutazama kazi yenyewe: je, bibi hawezi kupangusa madirisha, kupokea wageni, kupewa ufagio wa mpini mrefu? Mwaka 2021, katika kesi dhidi ya Package Insurance Brokers, Mahakama ya Juu ilikubali kwamba mfanyakazi alibaguliwa kwa ulemavu wake. Na sheria inamtwika mwajiri mzigo wa kuthibitisha kwamba hakubagua, mfanyakazi akishaonyesha msingi wa dai lake.

Kuna na fidia ya kuumia kazini, chini ya sheria nyingine ya mwaka huohuo wa 2007. Inawahusu watumishi wa serikali pia, isipokuwa wanajeshi. Mwajiri akishaarifiwa ana siku 7 kuripoti ajali kwa mkurugenzi wa afya na usalama kazini. Ulemavu wa kudumu hupimwa na daktari kwa asilimia, na aliyelemaa kabisa hulipwa mapato ya miezi 96.

Bibi hana barua ya ajira. Hilo nalo lisimtishe, kwa maana kuandika mkataba ni wajibu wa mwajiri, na akishindwa kuutoa mahakamani, ni juu yake kukanusha masharti anayoyadai mfanyakazi. Alama za kalamu ya risasi zitasomwa pale.

Dai la kuachishwa kazi lina miaka 3. La fidia lina miezi 12 tu tangu siku ya ajali. Tuligeuza kurasa pamoja hadi siku aliyoanguka, ambayo hakuitia alama, nikahesabu kwa vidole: imebaki miezi 4. Kesho yake asubuhi tulipanda matatu ya Ukunda, daftari likiwa ndani ya mkoba wake, limefungwa kwa kipande cha kanga.