Je, Wajua? Mama wa Bukavu na Kiti cha Bunge

Je, wajua kuwa Kongo ilipata waziri mwanamke kabla mwanamke wa Kongo hajaruhusiwa kupiga kura? Oktoba 1966 Sophie Kanza aliteuliwa kuwa waziri wa mambo ya kijamii, naye ana miaka 26. Miaka miwili kabla ya hapo alikuwa amehitimu sosholojia Chuo Kikuu cha Lovanium, mwanamke wa kwanza wa Kongo kupata shahada. Haki ya kura ilifika na katiba ya Juni 1967. Kwa miezi kadhaa, basi, Mama Kanza alikaa kwenye baraza la mawaziri la nchi ambayo haikumtambua kama mpiga kura.

Bukavu haikupata hata nafasi ya kuifurahia katiba hiyo. Agosti 1967 mamluki wa Jean Schramme waliuteka mji, na hawakuondoka hadi walipovuka kwenda Rwanda mwanzoni mwa Novemba. Haki mpya ilikuwa imeandikwa Kinshasa. Huku kando ya Ziwa Kivu watu walikuwa wakikimbia na magodoro kichwani.

Je, wajua kuwa mji huu uliwahi kuwa na bunge la jimbo zima la Kivu, enzi Kivu haijagawanywa? Uchaguzi wa Mei 1960 ndio uliolizaa, na Jean Miruho akawa rais wa jimbo. Waliopiga kura ni wanaume peke yao. Wabelgiji walioandaa uchaguzi ule walikuwa wamewapa wake zao na dada zao kura ya bunge tangu 1948, lakini hawakuona sababu ya kumpa mama wa mtaa wa Kadutu. Mama huyo alipanda kilima na muhogo mgongoni, kamba imemkaza kwenye paji la uso, akaulisha mji uliochagua bunge bila kumuuliza. Wanawake wa kwanza waliingia bunge la taifa mwaka 1970 tu.

Je, wajua kuwa kati ya wabunge 500 wa kipindi cha mpito baada ya vita, walioanza kazi mwaka 2003, hakuna hata mmoja aliyepigiwa kura? Viti viligawanywa kwa makubaliano ya amani ya Sun City: serikali, waasi, vyama vya upinzani, na mashirika ya kiraia. Ni rahisi kulidharau bunge la namna hiyo. Mimi sitalidharau, kwa sababu mlango wa mashirika ya kiraia uliwafikisha Kinshasa watu ambao pesa za kampeni zisingewafikisha. Mmoja wa akina mama wa Bukavu waliojua kazi ya ubunge ni Mathilde Muhindo, aliyeongoza Centre Olame, kituo cha Jimbo Kuu Katoliki la Bukavu kinachowahudumia wanawake. Pale Olame walikuja wanawake waliobakwa wakati wa vita, na wengi walikuja kwa miguu.

Bunge hilohilo la mpito ndilo lililopitisha sheria mbili za tarehe 20 Julai 2006, namba 06/018 na 06/019, juu ya ukatili wa kingono. Hapa naomba msomaji atulie kidogo, maana huku kwetu wengi wameisikia sheria hii kwa jina bila kujua kilichomo. Awali kulikuwa na kanuni ya adhabu ya mwaka 1940, ambayo kwake mtu wa kubakwa ni mwanamke tu. Sheria mpya inamlinda mwanamume pia. Umri wa mtoto ulipanda kutoka miaka 14 hadi 18. Upelelezi wa awali usizidi mwezi mmoja, na hukumu itoke ndani ya miezi mitatu tangu kesi kufika mahakamani. Aliyetendewa anaweza kuomba kesi isikilizwe faragha. Cheo cha mtuhumiwa, awe kamanda au mkubwa wa serikali, hakimwondolei kosa. Na kuna kifungu ambacho ningependa kisomwe kwa sauti katika kila kijiji cha Walungu na Kabare: kesi ya ubakaji haifutwi kwa kulipa faini. Familia zikikaa chini ya mti zikapatana mbuzi wawili, mshtakiwa bado ni mshtakiwa.

Miezi mitano kabla ya hapo katiba ya 18 Februari 2006 ilikuwa imekwisha kutamka, katika kifungu cha 15, kwamba ukatili wa kingono unaokusudia kuvunja familia na kufuta taifa zima la watu ni uhalifu dhidi ya ubinadamu. Kifungu cha 14 kikaahidi usawa wa wanaume na wanawake katika vyombo vya nchi.

Julai hiyohiyo ya 2006 watu walipanga foleni kupiga kura. Wagombea urais walikuwa 33, wanne kati yao wanawake. Kura zilipohesabiwa, wanawake waliopata viti katika bunge la taifa walikuwa 42 kati ya 500. Ahadi ya kifungu cha 14 ilikuwa haijatimiza hata mwaka.

Je, wajua kuwa katika bunge la jimbo letu kuna depite, yaani wabunge, wasiopigiwa kura na wananchi? Kifungu cha 197 cha katiba kinaruhusu machifu wa mila waingizwe, mradi wasizidi sehemu moja ya kumi ya wabunge. Kwa kuwa machifu hao (wami) wengi wa Bushi na kwingineko jimboni ni wanaume, mlango huo humfungukia mwanamke mara chache sana.

Mwaka 2019 Jeannine Mabunda akawa mwanamke wa kwanza kuongoza bunge la taifa, na 2024 Judith Suminwa akawa waziri mkuu wa kwanza mwanamke. Nafurahi kwa ajili yao, lakini jicho langu liko kwenye marekebisho ya sheria ya uchaguzi ya Juni 2022. Chama kikiweka wanawake nusu ya orodha yake, hakilipi dhamana ya wagombea. Kisichoweka hata mmoja hulipa, na orodha yake bado hupokelewa.