Fumbo la Hesabu Lisikilizwe Kwanza



Wazazi kadhaa wametuletea shitaka moja: mtoto hujumlisha na kugawanya bila ya taabu, lakini akipewa fumbo la hesabu, lenye maneno tu na halina alama, hubaki akikodolea macho daftari. Mzazi naye hujitenga, akisema kwamba hesabu za Kizungu hazijui. Hasara hapo ni mbili: mtoto hukosa msaada, na huanza kuamini kwamba nyumbani kwao hamna elimu.

Ilhali elimu hii si ngeni kwetu. Jina la aljebra limetokana na neno la Kiarabu al-jabr, lililomo katika anwani ya kitabu cha Muhammad bin Musa al-Khwarizmi, mwanachuoni wa Baghdad katika zama za Khalifa al-Ma'mun, aliyetawala tangu 813 hadi 833. Kitabu hicho hakina x wala alama ya kujumlisha. Kila jambo limeelezwa kwa maneno, na sehemu kubwa yake inahusu wasia na mirathi.

Basi nasi tuchukue mirathi. Mtu amefariki akaacha mke, watoto wa kiume 2 na wa kike 3, wala hana warithi wengine. Baada ya gharama za maziko, madeni na wasia, zimebaki pauni 16,000. Kila mmoja apate ngapi?

Kwanza, mtoto alieleze fumbo kwa Kiswahili, kwa maneno yake mwenyewe. Mke, kwa kuwa wapo watoto, hupata thumni, nayo ni 2,000. Zimebaki 14,000.

Pili, akipe jina kile kisichojulikana. Fungu la binti mmoja liwe x. Mtoto wa kiume hupata mara mbili yake, yaani 2x.

Tatu, aandike yale aliyoyasema. Wana wawili ni 2 × 2x, mabinti watatu ni 3 × x. Jumla 4x + 3x.

Nne, arahisishe. Mafungu manne na mafungu matatu ni mafungu saba: 7x. Ikiwa 7x = 14,000, basi x = 2,000. Kila binti apate 2,000 na kila mwana 4,000. Mwisho ahakikishe: 2,000 + 8,000 + 6,000 = 16,000.

Yako makosa mawili ya kuchunga. La kwanza ni kuandika kwa kufuata mpango wa maneno ya Kiingereza. Fumbo likisema kwamba umri wa Ahmed ni pungufu ya ule wa dada yake kwa miaka 5, Kiingereza huitaja 5 mwanzo, na mtoto huandika 5 − x. Muulize tu: "Mwanangu, nani mkubwa?" Mara ataona kwamba ni x − 5. La pili ni kuchanganya visivyofanana. Mifuko minne ya mchele na kilo tatu haiwi mifuko saba. Vivyo hivyo 4x + 3 si 7x.

Nasi tukiri kosa letu. Tulipokuwa tukisomesha, mara nyingi tuliharakisha kuandika x ubaoni kabla wanafunzi hawajalielewa fumbo. Wengi waliikariri njia bila ya kujua waendako. Mzazi anayemsikiliza mwanawe akilisimulia fumbo kwa lugha ya nyumbani humpa kile ambacho sisi tulikiruka.

Jaribuni hili usiku wa leo: wazazi 2 na watoto 4 wanasafiri kwa treni, na nauli ya mtoto ni nusu ya nauli ya mtu mzima, ambayo ni x. Andikeni gharama yote, kisha irahisisheni. Jibu ni 4x. Lakini mtoto asiachwe kulala kabla hajaeleza kwa nini.

Wabillahi tawfiq.