Nyangumi Mweupe na Ng'ombe Mweupe

Kiangazi kinapoelekea ukingoni Singida, kabla mawingu ya Novemba hayajajikusanya, kazi kubwa ya mkulima wa eneo la Mwankoko ni kuhamisha samadi. Zizi lililolaza ng'ombe mwaka mzima hukwanguliwa kwa jembe na koleo: kwanza tabaka kavu la juu, kisha lile jeusi la chini lililoshikamana kama udongo wa mfinyanzi. Samadi hupakiwa kwenye mkokoteni wa punda au wa maksai, na asiye na mkokoteni huibeba kwa ndoo na viroba. Shambani humwagwa kwa mafungu madogo yaliyopangana, kungoja mvua. Mpita njia huona mafungu ya kinyesi, lakini mwenye shamba anaona mtama wa msimu ujao.

Naanza na samadi kwa sababu nataka kusema juu ya mnyama aliye mbali sana na hapa, nyangumi mweupe wa bahari ya barafu, na juu ya Wainuiti, wenyeji wa pwani zake, walioishi naye kwa karne nyingi. Swali langu ni moja: ni kitu gani kinachomfanya mnyama awe nguzo ya maisha ya watu? Wengi hujibu kwa nyama na bei. Naamini jibu hilo ni pungufu, na upungufu wake umewagharimu watu wa kule kwenye barafu na wa huku kwenye mbuga kavu.

Nyangumi huyo huitwa beluga, jina lililotokana na neno la Kirusi lenye maana ya weupe. Huzaliwa akiwa wa kijivu, kisha huwa mweupe taratibu kadiri anavyokua, na akikomaa hufikia mita 4 hadi 5. Hana pezi la mgongoni, na hiyo humsaidia kupita chini ya barafu. Sauti zake ni nyingi, miluzi na milio, hata mabaharia wa zamani walimfananisha na ndege waimbao.

Kila majira ya joto, maelfu ya beluga huingia kwenye mlango wa mto Mackenzie, kaskazini-magharibi mwa Kanada, ambako maji ni ya kina kifupi na yana ujoto kidogo. Mahali paitwapo Kittigazuit, Wainuvialuit, ambao ni tawi la Wainuiti wa upande huo, walikusanyika kuwangoja. Walipanga mitumbwi yao ya ngozi mstari mmoja, wakapiga maji na kupaza sauti, wakawasukuma nyangumi hadi mahali ambapo hawakuweza tena kuzama. Mtu mmoja peke yake, hata angekuwa hodari namna gani, asingeweza kazi hiyo. Uwindaji wenyewe uliwalazimisha watu kuwa jamii.

Baada ya mawindo hufuata mgawo. Ngozi ya beluga pamoja na tabaka la mafuta lililo chini yake huitwa muktuk, nayo huliwa mbichi, ikiwa imechemshwa au imehifadhiwa. Ndani yake mna vitamini C, na katika nchi isiyoota tunda wala mchicha kwa miezi mingi, ngozi hiyo iliwakinga watu na kiseyeye, ugonjwa ulioua mabaharia wengi wa Ulaya katika safari zao ndefu. Nyama hukaushwa. Mafuta ya nyangumi na ya sili yaliwaka katika taa za mawe, yakatoa mwanga na joto wakati wa usiku mrefu wa majira ya baridi. Wazee, wajane na nyumba zisizo na mwindaji hupata fungu lao. Mtoto anayetumwa kupeleka fungu kwa bibi jirani anafundishwa ukoo bila kukalishwa darasani.

Huku kwetu, walio karibu zaidi na mwindaji wa barafu ni Wahadzabe wa Munguli, wilayani Mkalama, ndani ya mkoa huu huu wa Singida. Kwao nao nyama ya mnyama mkubwa haikai ghalani. Hugawiwa kambini siku ile ile, na sehemu maalumu ziitwazo epeme huwa za wanaume waliokwisha kuingizwa rasmi katika utu uzima. Mnyama wa porini akishaanguka, lazima aliwe kabla hajaoza, na ghala la mwindaji ni tumbo la jirani yake. Jirani naye atakumbuka.

Mnyaturu, mkulima na mfugaji wa Mwankoko, si mwindaji wa namna hiyo. Mnyama wake analala zizini, na katika ujenzi wa tembe za zamani, nyumba na zizi vilikuwa boma moja. Lakini weupe upo hapa pia. Wataalamu wa mifugo wanapoorodhesha makundi ya zebu wa Tanzania wenye pembe fupi, mojawapo hulitaja kwa jina la mkoa: ng'ombe mweupe wa Singida. Ni mdogo wa umbo, ana nundu, na maziwa yake si mengi. Rangi yake hurudisha jua badala ya kulimeza, naye huvumilia malisho hafifu na safari ndefu ya kwenda kunywa. Anayemlinganisha na ng'ombe wa maziwa wa nchi za baridi humwona duni. Anayemwona Oktoba, nyasi zikiwa zimeisha na yeye bado amesimama, hatasema hivyo.

Kazi yake kubwa zaidi hufanyika usiku, akiwa amelala. Udongo wa sehemu nyingi za Singida ni wa kichanga, uliotokana na miamba ile mikubwa ya matale inayoonekana kila upande, na rutuba yake huisha upesi. Mvua huja msimu mmoja tu, kwa wastani wa kati ya milimita 500 na 800. Shamba la namna hiyo likilimwa mfululizo bila kurudishiwa kitu, miaka michache hulitosha kuchoka. Ng'ombe huenda mchana kula nyasi za mbali, mahali pasipolimika, kisha jioni huja na rutuba ya kule akailaza zizini. Ni mchukuzi asiyelipwa, anayehamisha uhai kutoka nyikani hadi shambani. Uwele na mtama wa Mnyaturu vimesimama juu ya mgongo wake.

Mwanaanthropolojia wa Marekani, Harold Schneider, aliyekaa na Wanyaturu mwaka 1959 na 1960 na kuchapisha kitabu juu yao mwaka 1970, aliutazama mzunguko huo kwa makini. Aliona kwamba nafaka ya ziada hubadilishwa kwa mifugo, mifugo hutoa samadi, samadi huzaa nafaka, na nafaka hurudi kuwa mifugo. Juu ya mzunguko huo husimama ndoa, maana mahari hutolewa kwa ng'ombe. Husimama pia ukopeshaji: mwenye ng'ombe wengi huweka baadhi kwa ndugu au rafiki, naye rafiki akapata maziwa na samadi, huku mwenye mali akigawanya hatari, kwa kuwa ugonjwa ukiingia zizi moja hautamaliza yote. Mwindaji huweka akiba katika tumbo la jirani, na mfugaji huiweka katika zizi la jirani. Njia ni mbili, lakini zote hukataza mtu kusimama peke yake.

Wageni wengi hawakuuona mzunguko huo. Mwaka 1926 msomi Melville Herskovits aliandika makala mashuhuri juu ya ng'ombe katika utamaduni wa Afrika Mashariki, na baada yake wengi wakalichukua wazo hilo na kuligeuza kuwa lawama: kwamba Mwafrika anapenda ng'ombe kupita akili, anarundika mifugo kwa fahari tu. Serikali ya kikoloni ilitumia hoja za namna hiyo kulazimisha upunguzaji wa mifugo, kama ilivyofanyika Usukuma na Mbulu, majirani wa Singida. Daftari la ofisa lilikuwa na safu ya vichwa vya ng'ombe na safu ya nyasi. Safu ya samadi haikuwamo, wala ya mahari, wala ya ng'ombe waliowekwa kwa ndugu.

Beluga naye aliandikwa katika daftari la namna hiyo. Katika ghuba ya Cumberland, kwenye kisiwa cha Baffin, wafanyabiashara wa Kiskoti na baadaye kampuni ya Hudson's Bay waliwavuna kwa maelfu kwa ajili ya mafuta na ngozi. Idadi ilipoporomoka, biashara iliondoka. Waliobaki na vikwazo vya uwindaji ni Wainuiti wa kijiji cha Pangnirtung, ambao hawakuwa chanzo cha maafa yale. Aliyehesabu mapipa ya mafuta peke yake alichukua faida, na aliyekuwa na hesabu ndefu ya maisha akaachiwa deni.

Mnyama wa nguzo akitoweka, kinachoanguka ni zaidi ya chakula. Ugonjwa wa ng'ombe uitwao sotoka ulipopita Afrika Mashariki katika miaka ya 1890, ulifyeka ng'ombe karibu wote katika maeneo mengi, na njaa ikafuata. Mashamba yalikosa samadi, ndoa zilikosa mahari, na aliyekuwa na deni la kulipwa hakuwa na wa kumdai. Ugonjwa huo ulitangazwa kutokomezwa duniani mwaka 2011, na hiyo ni mojawapo ya kazi njema kabisa zilizowahi kufanywa na madaktari wa mifugo.

Simaanishi kwamba kila desturi ya mfugaji ni sahihi. Ng'ombe wengi kuliko malisho huacha ardhi uchi, na mvua ya kwanza huichukua. Wainuiti nao wanakabiliwa na zebaki inayofika baharini kwao kutoka viwanda vya mbali na kujikusanya katika mwili wa nyangumi. Mipaka inahitajika. Kinachonihusu ni nani anayeiweka, na kwa hesabu ipi. Wainuvialuit walipata mkataba wa ardhi na serikali ya Kanada mwaka 1984, na tangu hapo wamekaa meza moja na wanasayansi kusimamia uwindaji wa beluga. Mwaka 2010 maji ya mlango wa Mackenzie yalitengwa kuwa hifadhi ya bahari ya Tarium Niryutait, na wenyeji wakabaki na haki ya kuwinda ndani yake. Kumhifadhi nyangumi hakukuhitaji kuwaondoa watu.

Mwankoko leo iko ndani ya Manispaa ya Singida. Visima virefu vilivyochimbwa hapa hupeleka maji mjini, na mji nao unakuja kwa kasi yake. Penye njia ya ng'ombe pamepigwa bikoni za viwanja. Alizeti imeleta fedha, na mashudu yake ni chakula kizuri cha mifugo, hivyo zao jipya na mnyama wa zamani wanaweza kusaidiana. Lakini ng'ombe asiye na njia ya kwenda malishoni haleti rutuba ya nyika zizini, na shamba lisilo na zizi karibu litaomba mbolea ya dukani kila mwaka.

Wahenga walisema mali bila daftari hupotea bila habari. Nasi tunaandika madaftari mengi: mipango ya matumizi bora ya ardhi, sheria ndogo za halmashauri, ramani za upimaji. Ombi langu kwa wanaoyaandika ni kwamba, kabla hawajachora mstari juu ya ardhi ya Mwankoko, waje mwisho wa kiangazi, wasimame kando ya zizi linalokwanguliwa, na wamwulize mama anayejaza ndoo mzigo ule unakwenda shamba gani. Jibu lake waliandike, nalo lipewe safu yake.