Yoko Shimomura: alisomea piano, akatunga muziki wa Street Fighter



Wengi wetu tulicheza Street Fighter II utotoni, wengine kwa franka za mkate. Ile miziki ingali mu kichwa. Lakini nani aliitunga? Mimi nilijua mwaka huu tu, na njo maana ninawaandikia.

Anaitwa Yoko Shimomura. Alizaliwa mwaka 1967 katika jimbo la Hyogo, Japani. Mwaka 1988 alimaliza masomo ya piano kwenye chuo cha muziki cha Osaka. Njia ilikuwa wazi mbele yake: kufundisha piano. Lakini alipenda sana michezo ya video, akaomba kazi Capcom, wakamukubali. Jamaa na walimu wake hawakufurahi, juu wakati ule muziki wa michezo ya video haukuwa na heshima. Maneno ya vile sisi pia tunayajua: "Tulikulipia masomo yote ile juu ya hii?"

Mwaka 1991 Street Fighter II ikatoka. Karibu muziki wote ni wake. Kazi ilikuwa ngumu: chipu ya muziki ya ile mashine ilitoa sauti 8 tu kwa mara moja, na wimbo mufupi ulipaswa kurudiarudia bila kuchokesha muchezaji. Kila mupiganaji alipata wimbo wake, wenye ladha ya inchi anakotoka. Na unakumbuka? Mutu akikaribia kushindwa, muziki unakimbia. Pale njo mikono ilikuwa inatetemeka!

Angeweza kubaki pale. Lakini alitamani kutunga muziki wa michezo ya hadisi ndefu, ya namna ya okestra, na Capcom walimuweka upande wa mashine za kulipia. Mwaka 1993 akahamia Square. Huko alitunga muziki wa Super Mario RPG (1996), kisha Kingdom Hearts (2002), iliyomujulisha dunia nzima. Baada ya hapo akapata mutoto, akaacha mushahara wa mwezi na kuanza kujitegemea. Akiwa hivyo alitunga muziki wa Final Fantasy XV (2016).

Mwaka 2021, Michezo ya Olimpiki ilipofunguliwa Tokyo, wanamichezo waliingia uwanjani kwa miziki ya michezo ya video. Ya Kingdom Hearts ilikuwamo. Kazi iliyowasikitisha wakubwa, inchi yake ikaionyesha kwa dunia.

Mimi nina lisansi ya uchumi, na siku ya posho ninapanga sauti kwenye harusi. Baba bado anauliza nitapata "kazi" lini. Sitamwambia kwamba masomo hayana maana, kwani Shimomura hakutupa piano yake: aliipeleka mahali ambapo hakuna mutu alifikiri inaweza kufika. Njo vile, jioni hii nitaanza kuandika hesabu ya zile harusi, mapato na matumizi, kama tulivyofundishwa. Baba akiuliza tena, nitamuonyesha daftari.

Na wewe, diplome yako umeipeleka wapi?