Filamu Iliyongoja Miaka 46

Akina mama wenzetu, tukitazama nyimbo kwenye runinga twamwona mwimbaji, mtayarishaji hatumwoni. Januari 1972 Aretha Franklin aliimba nyimbo za Injili, usiku mbili mfululizo, katika kanisa la Wabaptisti mjini Los Angeles. Wapiga picha hawakutumia kibao cha kuoanisha picha na sauti, filamu ikabaki stoo. Mwaka 2007 mtayarishaji Alan Elliott alinunua haki zake. Kwa kompyuta midomo ikalinganishwa na sauti. Lakini Aretha mwenyewe alikataa isionyeshwe, akaenda mahakamani. Ilionyeshwa 2018, baada ya kifo chake, kwa ridhaa ya familia. Basi utayarishaji ni subira na ruhusa. Kabla kwaya zetu hazijarekodi, tuandikiane: picha hizi ni za nani?